Shahidi mmoja wa mhariri wa filamu

Usiku wa tarehe 3 Aprili 1978, jijini Los Angeles, tuzo za Oscar zilitolewa kwa mara ya 50. Mengi yameandikwa kuhusu usiku ule, na karibu yote yanahusu waigizaji na hotuba zao. Mimi naurudia kwa sababu nyingine. Mtu ambaye hajawahi kujiuliza mhariri wa filamu anaishi vipi na kazi yake, matokeo ya usiku ule yanamtosha.

Tuzo ya uhariri walipewa watu watatu, Paul Hirsch, Marcia Lucas na Richard Chew, kwa Star Wars. Miongoni mwa walioondoka mikono mitupu alikuwamo Michael Kahn, ambaye ndiyo kwanza alikuwa ameanza kazi na Steven Spielberg, na Walter Murch, ambaye leo wanafunzi wa uhariri wanamsoma kila pembe ya dunia. Margaret Booth, akiwa na miaka 80, alitunukiwa tuzo ya heshima. Alianza kuunganisha vipande vya mikanda mwaka 1915, wakati sinema bado haijajua kusema. Filamu bora ya mwaka ikawa Annie Hall, lakini kwenye kipengele cha uhariri haikuwamo hata kati ya wateule watano. Na Thelma Schoonmaker, ambaye baadaye angechukua tuzo hiyohiyo mara tatu, usiku ule hakuwa na kibali cha chama cha kuhariri filamu kubwa za Marekani.

Nianze na Annie Hall, maana hapo ndipo hoja yangu ilipo. Filamu ile watu wanaijua kama hadithi ya mapenzi. Mkusanyo wa kwanza uliotoka kwenye chumba cha kuhariria haukuwa hivyo. Ulikuwa wa saa mbili na ushee, mtu mmoja anazunguka ndani ya kichwa chake mwenyewe, anakumbuka utotoni, anabishana na dunia, na yule mwanamke ambaye jina lake lingekuja kuwa jina la filamu alikuwa sehemu tu ya msafara. Ralph Rosenblum, akiwa mezani na mwongozaji Woody Allen, akakata, akakata tena, mpaka mapenzi yakabaki katikati na mengine yote yakawa pembeni. Zikabaki dakika 93. Ukisema filamu ile ilipatikana kwenye chumba cha kuhariria, hutakuwa umetia chumvi. Rosenblum mwenyewe alikuja kueleza hatua kwa hatua mwaka mmoja baada ya tuzo zile. Ikashinda filamu bora, mwongozaji bora, mwigizaji bora wa kike na skripti bora. Skripti! Wapiga kura walitazama filamu laini isiyokwama popote, wakasema hii imeandikwa vizuri.

Siwalaumu. Wangejuaje? Hawakuona kilichotupwa.

Hili ndilo linaloitenga kazi ya mhariri na kazi nyingine zote za filamu. Ya mpiga picha iko pale kwenye skrini, mwanga unauona. Nguo unaziona, muziki unausikia, uso wa mwigizaji umejaa ukuta mzima. Hata ukikosea kuzihukumu, angalau una kitu cha kuhukumu. Mhariri kazi yake ni tofauti kati ya kilichofika mezani na kilichotoka, na mtazamaji anapewa upande mmoja tu wa hesabu hiyo. Filamu nzuri inaweza kuwa imefika nzuri, mhariri akawa mtu mwenye busara ya kutoiharibu. Filamu ya kawaida kabisa, isiyo na tuzo wala kelele, inaweza kuwa imefika ikiwa maiti, na huyo aliyeifanya ikatazamika ndiye bingwa wa mwaka. Kutoka kwenye kiti cha ukumbini huwezi kuzitofautisha.

Wanaoweza ni wachache mno. Mwongozaji, kwa kuwa yeye ndiye aliyeleta picha ghafi. Mhariri msaidizi, kwa kuwa ndiye aliyezipanga. Mtayarishaji pengine, akiwa ni wa aina ile inayokaa na kutazama. Kati ya hao, mwenye sauti inayosikika nje ni mmoja. Kwa hiyo nasema hivi: mhariri wa filamu hajengi jina kwa kazi, anajenga kwa ushahidi, na shahidi wake ni mmoja. Mambo mengi ambayo watu huyaona kama tabia za ajabu za taaluma hii, kuanzia zile ndoa za miaka 40 kati ya mhariri na mwongozaji hadi ule unyenyekevu wao unaochosha kwenye mahojiano, yanatokana na hapo.

Lakini kwanza tukae mezani kidogo, maana ni rahisi kuzungumzia "kukata" kama vile ni kazi ya mkasi.

Chukua sini ya kawaida kabisa. Mke na mume wamekaa. Mke anauliza, "Ulikuwa wapi jana?" Mume anajibu, "Kazini." Kwenye skripti ni mistari miwili. Mezani kwa mhariri imefika shoti ya mke peke yake, imerudiwa mara sita. Ya mume peke yake, mara nane. Ya wote wawili pamoja, mara nne. Na moja ya mkono unaozungusha kijiko. Filamu hukimbia fremu 24, yaani picha moja moja 24, kwa sekunde. Ukimpa mume fremu sita kabla hajajibu, yaani robo sekunde, ni mtu aliyechoka anayejibu swali. Mpe 20, anaanza kunuka uongo. Sasa mwondoe kabisa: tulisikie "Kazini" huku tunamtazama mke. Ghafla filamu imehama. Haihusu tena mwanamume anayedanganya, inahusu mwanamke ambaye tayari anajua na ameuliza ili aone atadanganywa vipi. Skripti haijabadilika hata herufi. Waigizaji hawajaitwa tena. Ila kuanzia hapo kila sini itakayofuata lazima ijipange upya, kwa sababu mke anayejua hawezi kushtuka dakika ya 40 kama ilivyoandikwa.

Halafu kuna wizi. Wahariri wote wazuri ni wezi. Ule mtazamo wa mke, ule unaokufanya uamini kwamba anajua, huenda haukuigizwa kabisa. Kamera ilikuwa imeshawashwa, mwongozaji bado hajasema "anza", mwigizaji kakaa anamsubiri fundi wa taa amalize kuhangaika na waya. Kachoka, kakereka kidogo, anamtazama fundi. Sekunde moja na nusu. Mhariri kaiona siku ya tatu akipitia picha ghafi, akaiandika pembeni, na wiki saba baadaye akaikumbuka. Siku ya uzinduzi wakosoaji watasifu jinsi mwigizaji alivyoibeba ile sini kwa macho tu. Mwigizaji atashukuru, na pengine hata yeye hajui.

Sasa mtu anayefanya kazi hiyo atajisifu vipi? Akisema "yale macho niliyaokota mimi", amemvua nguo mwigizaji. Akisema "mke anayejua halikuwa wazo la skripti", kamgusa mwandishi. Akisema mkusanyo wa kwanza ulikuwa haukaliki, amemwambia kila mtayarishaji mjini kwamba mwongozaji huyu anarudi kutoka kazini na takataka. Kila sifa ya mhariri ina mtu wa kulipa upande wa pili. Ndiyo maana ule msemo unaopendwa sana na mashabiki, kwamba filamu fulani "iliokolewa mezani", mimi nauona kama zawadi yenye sumu. Jaws ya mwaka 1975 ilisemwa hivyo. Papa wa kutengenezwa alikuwa anaharibika kila mara kwenye maji ya chumvi, ikabidi hofu ijengwe bila yeye kuonekana, na Verna Fields akaijenga na kuchukua Oscar. Mwaka uliofuata akapewa umakamu wa rais katika kampuni ya Universal. Hakuhariri filamu nyingine tena hadi alipofariki mwaka 1982. Cheo kikubwa, sawa, na kwa mwanamke wa wakati ule kikubwa zaidi. Ila taaluma ilimpoteza mtu kwenye kilele chake, na hadithi ya "aliyeiokoa Jaws" ikabaki inazunguka juu ya kichwa cha mwongozaji kijana, Spielberg, ambaye kusema kweli ndiye aliyeamua kupiga picha kwa namna iliyoruhusu uokozi huo.

Star Wars nayo ina hadithi kama hiyo, na mashabiki wameikuza mpaka Marcia Lucas amekuwa karibu mwandishi wa siri wa kila kitu. Ukweli uliothibitika unatosha: mhariri wa kwanza, John Jympson, aliondolewa, kazi ikaanza upya chini ya watu watatu. Zaidi ya hapo tunarudi palepale. Ambao walikuwa chumbani ndio wanaojua nani alisogeza nini, na hata wao hawakumbuki sawasawa.

Upande wa pili wa shilingi ni lawama, nazo zinakwenda gizani vilevile. Mwaka 2019 John Ottman alishinda Oscar ya uhariri kwa Bohemian Rhapsody, na msimu huohuo wa tuzo kipande cha sini moja kikasambaa mtandaoni: wanamuziki wamekaa nje, wanakutana na meneja mtarajiwa, na picha inaruka kutoka uso huu hadi ule kama vile mhariri ana kwikwi. Watu walicheka, na walikuwa na haki ya kucheka. Sini ile ni mbaya, na Ottman mwenyewe alikiri kwamba haipendi. Lakini filamu ile mwongozaji wake, Bryan Singer, alifukuzwa kabla haijaisha, Dexter Fletcher akaletwa kumalizia. Ottman alikuwa na vipande vya filamu iliyovunjika katikati, akatoa kitu kilichojaza kumbi dunia nzima. Wenzake waliompigia kura huenda walikuwa wanatunuku hicho, kilichofika mezani. Wacheshi wa mtandaoni walikuwa wanahukumu kilichotoka. Pande zote mbili zilikuwa sahihi, ndiyo maana mabishano yale hayakufika popote.

Kama ushahidi wa mtu mmoja ndio mtaji wako, utafanya nini? Utamshika huyo mtu usimwachie. Kahn alianza na Spielberg kwenye Close Encounters of the Third Kind, filamu aliyoteuliwa kwayo akakosa tuzo usiku ule wa 1978, na akaendelea naye kwa zaidi ya miaka 40, akiokota Oscar tatu njiani. Schoonmaker amehariri kila filamu ndefu ya kubuni ya Martin Scorsese tangu Raging Bull ya mwaka 1980. Sally Menke alihariri kila filamu ndefu aliyoongoza Quentin Tarantino, tangu ya kwanza hadi ile ya 2009, mpaka alipofariki mwaka 2010. Waigizaji wake walikuwa na mtindo wa kugeukia kamera kati ya shoti na kumsalimia kwa jina, wakijua kwamba ndiye mtu wa kwanza atakayewaona. Mtindo ule naupenda kuliko hotuba zote za tuzo: ni watu walioelewa kwamba mahali fulani kuna chumba, na ndani yake kuna mtu anayejua nani leo aliigiza na nani alikuwa anahesabu saa za kwenda nyumbani.

Watu husimulia ushirikiano huu kama mapenzi, na kuna ukweli hapo. Mimi nauona pia kama bima. Mhariri aliyekaa na mwongozaji mmoja miaka 20 hana haja ya kueleza thamani yake kwa mtu mwingine. Hatari yake ni dhahiri: mwongozaji akistaafu, akifilisika, akiingia kashfa au akikosana nawe kwa jambo la kipuuzi, umepoteza zaidi ya mteja. Umepoteza faili lako zima la sifa. Unaingia ofisini kwa mtayarishaji mgeni na orodha ya filamu nzuri, na swali lililo kichwani mwake, ambalo hatalisema, ni hili: zilikuwa nzuri kwa sababu yako, au ungekuwepo usingekuwepo zingekuwa nzuri tu? Huna namna ya kumjibu. Unaweza kumpa namba ya simu ya mwongozaji.

Na wakati mwingine mwongozaji mwenyewe ndiye mhariri, shahidi na mshtakiwa katika mwili mmoja. Sean Baker alichukua Oscar ya uhariri mwaka 2025 kwa filamu aliyoiandika na kuiongoza mwenyewe, Anora. Ndugu Joel na Ethan Coen wao walikwenda mbali zaidi: wamekuwa wakihariri filamu zao kwa jina la Roderick Jaynes, na huyu Bwana Jaynes aliteuliwa kwa Oscar mara mbili, kwa Fargo na kwa No Country for Old Men. Hayupo. Hajawahi kuwepo. Nikitafuta mfano wa jinsi tuzo ya uhariri inavyotolewa kwa kukisia, sihitaji kwenda mbali zaidi ya mteule ambaye hana mwili. Sisemi hivyo kuwadhihaki wapiga kura. Filamu zile zimehaririwa kwa ustadi mkubwa. Nasema tu kwamba hakuna aliyeweza kusoma kwenye skrini ni mkono wa nani.

Nimesema Schoonmaker hakuwa na kibali. Alikuwa tayari ameshateuliwa kwa Oscar, kwa kuhariri Woodstock ya mwaka 1970, saa na saa za tamasha zilizogawanywa kwenye skrini moja kwa vipande viwili hadi vitatu. Lakini kanuni za chama cha wahariri zilitaka mtu apande ngazi kwanza: miaka kadhaa ya uanagenzi, miaka mingine ya usaidizi, ndipo aitwe mhariri. Kanuni haikuwa na nafasi ya kusema "huyu tumeshaona anachoweza". Karibu muongo mzima ukapita. Alipoingia, filamu yake ya kwanza kubwa ikampa tuzo.

Ni rahisi kuitukana kanuni hiyo, na mimi naitukana kwa furaha. Ila ngazi yenyewe, ukiondoa ukiritimba wake, ilikuwa na maana ambayo leo tunaikosa. Tazama Booth alivyoingia: msichana aliyemaliza sekondari, anaunganisha mikanda kwa mwongozaji D. W. Griffith, kazi ya mikono tu. Enzi hizo kukata na kuunganisha kulihesabiwa kama ushonaji, kwa hiyo wanawake walijaa vyumbani humo na hakuna aliyeona ajabu. Walikuwa wanatazama. Aliyekuwa anaunganisha leo aliona kilichoamuliwa jana na kwa nini. Booth akapanda hadi kuwa msimamizi wa uhariri wa kampuni ya filamu ya MGM, kiti alichokikalia kwa takriban miaka 30, hadi 1968. Hakuna filamu ya kampuni ile iliyotoka bila kupita machoni pake. Sinema ilipoanza kusema na malipo na heshima vikaongezeka, wanaume waligundua kwamba kumbe hii ni kazi ya kiufundi. Ushonaji ukawa uhandisi. Wanawake hawakufutika, Anne Bauchens alikuwa wa kwanza wao kushinda Oscar ya uhariri kwa filamu ya mwaka 1940, lakini mlango ulikuwa umeshapunguzwa upana.

Jambo ninalotaka lionekane hapo ni lile la kutazama. Kwenye enzi ya mikanda mhariri hakuweza kufanya kazi peke yake hata angetaka. Fremu 16 kwa kila futi moja ya mkanda wa milimita 35, maelfu ya vipande, kila kimoja na namba yake, vimening'inia kwenye misumari midogo juu ya kapu la kitambaa. Mhariri ananyoosha mkono bila kugeuka, msaidizi anaweka kipande sahihi. Ananyoosha tena. Baada ya miezi minane ya hivyo msaidizi anajua kitu ambacho hakuna shule inayokifundisha: anajua kwamba toleo la kwanza la ile sini lilikuwa zuri kuliko la mwisho, na anajua kwa nini hata hivyo la mwisho ndilo sahihi. Alikuwa shahidi wa pili. Ukimsikia mhariri mkongwe akieleza alikojifunza, mara nyingi hatataja filamu, atataja alisimama nyuma ya nani.

Kompyuta ilikuja ikavunja hilo bila mtu kukusudia. Avid, mfumo wa kuhariri kwa kompyuta, ilitoka mwaka 1989, na kufikia 1996 Murch alikuwa amehariri The English Patient kwa mfumo huo, kisha akapata Oscar ya uhariri, ya kwanza kwa filamu iliyohaririwa kidijitali. Sitaki kurudi kwenye kapu la kitambaa. Wanaolilia harufu ya gundi mara nyingi si wao waliokuwa wanafagia. Faida za kompyuta ni kubwa na hazina mjadala. Kilichopotea ni kiti cha pili. Sasa msaidizi yuko chumba kingine, au zamu ya usiku, au mji mwingine kabisa: anapokea faili, analinganisha sauti na picha, anaweka majina, anatoa nakala za kutazamwa, analala. Uamuzi unafanyika yeye akiwa hayupo. Asubuhi anakuta sini imebadilika, hajui ni kwa sababu ya mwongozaji, ya barua ya kampuni, au ya mhariri kuamka na wazo. Anaweza kufanya hivyo miaka sita akawa fundi hodari wa mfumo mzima, na siku akiitwa kuhariri filamu yake hajawahi kumwona mtu akipoteza hoja vizuri.

Maana kupoteza hoja ni nusu ya kazi. Mkusanyo wa kwanza huwa mbaya, wa kila mtu, na siku mwongozaji anapoutazama ni siku ya msiba. Hapo mhariri anahitaji kujua wakati wa kunyamaza. Kwa mikataba ya chama cha waongozaji cha Marekani, mwongozaji wa filamu ndefu hupewa wiki zipatazo 10 kutengeneza toleo lake. Zikiisha, watayarishaji na kampuni wanaingia na maoni yao, kisha yanakuja maonyesho ya majaribio, watu wa kuokotwa wanajaza fomu kwamba mwisho haukuwaridhisha. Mhariri anakaa katikati ya wote. Anatengeneza toleo asilolipenda kwa ustadi uleule ili lishindwe kwa haki, au lishinde, jambo ambalo hutokea na ni la kufedhehesha.

Na wakati huohuo mzigo umeongezeka. Apocalypse Now ya mwaka 1979 ilionekana kichaa kwa saa zake 230 hivi za picha ghafi. Murch aliwahi kupiga hesabu akakuta wastani haufiki mikato miwili kwa siku kwa kila mhariri. Margaret Sixel alipohariri Mad Max: Fury Road, iliyotoka 2015, alipokea saa zipatazo 480 akatoa filamu ya saa mbili yenye mikato ipatayo 2,700. Hajawahi kuhariri filamu ya mapambano kabla ya hapo. Mwongozaji, George Miller, ambaye ni mumewe, alimtaka hasa kwa sababu hiyo. Akashinda Oscar. Kamera ya kidijitali haili mkanda, kwa hiyo hakuna anayesema "zima". Saa za kutazama zinaongezeka, wiki za kutazamia haziongezeki. Programu zinazoandika mazungumzo zenyewe na kukutafutia mstari ndani ya saa mia nne zimekuja kujibu shida hiyo, na zinajibu kweli. Ila hesabu ya nani anapunguzwa kwanza haihitaji ramli: ni msaidizi. Na yule mtazamo wa sekunde moja na nusu uliokuwa unamwendea fundi wa taa hauna mstari wa mazungumzo wa kutafutwa. Unapatikana kwa mtu aliyetazama hata pale pasipokuwa na kitu.

Kila mara suala la heshima ya wahariri linapozuka, watu hukimbilia kwenye jukwaa. Mwaka 2022 waandaaji wa Oscar waliamua vipengele vinane, uhariri ukiwamo, vitolewe kabla ya matangazo ya moja kwa moja. Makelele yakawa makubwa, mwaka uliofuata vikarudishwa. Nilifurahi, sikatai. Lakini dakika mbili za televisheni hazimsaidii mhariri ambaye mwongozaji wake wa miaka 15 amestaafu mwezi uliopita. Kinachomsaidia ni mashahidi kuwa wengi, na hilo linategemea watu wawili ambao hawako jukwaani. Wa kwanza ni mwongozaji, aache kusema kwenye mahojiano kwamba mhariri wake "ni kama ndugu" na aanze kusema mambo yanayoshikika: sini ile ilikuwa ya mwisho, akaipeleka mwanzo, mhusika yule alikuwa na dakika 20, zikabaki tatu, mimi nilikataa kwa mwezi mzima. Wapo wanaofanya hivyo, na wahariri wao hawakosi kazi. Wa pili ni mtayarishaji anayeandika bajeti. Kiti cha pili kwenye chumba cha kuhariria, mchana, mwongozaji akiwepo, kinagharimu mshahara wa msaidizi mmoja wa ziada, ili yule wa kwanza asilazimike kuwa peke yake usiku na mafaili. Kwenye bajeti ya filamu ndefu ni mstari mmoja, na kwa kawaida ndio wa kwanza kukatwa.